Mjumbe Aliyekula Matanga Yake

Wasikilizaji wapendwa, acheni sufuria kidogo. Kinachoungua na kiungue. Jumamosi tumemzika Lascăr Grosaru hapa mjini kwetu Huși, na mimi nilikuwepo.

Ndiyo, tumemzika. Alifia Istanbul kabla ya yeyote kati yetu kuzaliwa. Lascăr Grosaru, mwandishi, na mjumbe wa Moldavia, nchi yetu ya enzi hizo, kwa Sultani wa Istanbul. Mwandishi na mjumbe. Sasa mifupa yake imerudi nyumbani.

Mjukuu wake, Bibi Ruxanda, aliiosha kwa divai kama ilivyo desturi. Alilishika fuvu kwa mikono miwili, akalisemesha: "Babu, kichwa chenyewe ndicho hiki? Kidogo hivi, na maneno yote yale?" Tulicheka. Padri naye alicheka, akajifanya anakohoa.

Basi sikilizeni. Lascăr aliandika kisa cha Pasha mnene, mkubwa mmoja wa Sultani, aliyekwama katika mlango wa hazina yake. Kilisomwa kwa sauti kwenye ghala la divai, hapahapa Huși. Wakulima wa mizabibu wakacheka hadi wakashika mbavu. Mtu akampelekea Pasha maneno. Wakakamatwa, wakatupwa jela Istanbul. Narudia: walikamatwa kwa kucheka. Mwandishi hakuguswa. Alikuwa mtoto wa wakubwa.

Akajitolea kwenda kama mjumbe, akamwambia mama yake, Profira: "Mama, nakwenda kuwatoa."

"Utarudi?"

"Sijui."

"Basi hutoki humu bila matanga. Huko nani atakuombea?"

Kwetu mtu huweza kufanyiwa matanga angali hai. Profira akapika ngano ya asali, akawasha mishumaa, akaita majirani. Lascăr akakaa mbele ya wote, akala matanga yake mwenyewe. Mkewe, Safta, hakugusa kitu. Alikuwa amempakata mtoto wao.

Mimi nina watoto. Ile ngano nisingeipika. Ningefunga mlango kwa komeo.

Istanbul, Pasha aliyechekwa alimkaribisha kahawa. Ndiye aliyeshika funguo za jela.

"Mjumbe, unajua naweza kukukata kichwa?"

"Mheshimiwa, umechelewa. Matanga yangu yameshaliwa. Nami nilikuwepo."

"Walipika nini?"

"Ngano ya asali. Mama aliibania asali."

Pasha akaangua kicheko mpaka kahawa ikamwagika. Lascăr akamsubiri amalize. Kisha akasema polepole: "Sasa na wewe umecheka, mheshimiwa. Waachie wenzako. Mchekeshaji ni mimi."

Pasha akajipangusa kahawa. Halafu akakubali: wao waende, yeye abaki. Wakaenda. Akabaki. Kipindupindu kikamchukua hukohuko.

Nilimuuliza Bibi Ruxanda kama anajivunia babu yake. Akanijibu kavu: "Baba yangu ndiye yule mtoto wa kupakatwa. Alikuwa akisema, 'Baba aliwarudishia watu baba zao, akaninyima wangu.' Alikufa na kinyongo hicho. Nami nimekirithi, mwanangu, sikufichi."



Pale kaburini padri aliita: "Ndugu wa marehemu wasogee." Bibi Ruxanda akasogea peke yake. Hana mume, hana mtoto. Nilimwonea huruma, mwanamke mmoja na jeneza dogo.

Mzee mmoja akavua kofia. "Babu yangu ni Toader," akasema. "Alitolewa jela kwanza, ndipo akamzaa baba yangu." Akasogea. Mama mwenye kichanga akasema, "Na sisi tumetokana na Gavril, naye alikuwa humo." Akasogea. Mwingine akafuata, na mwingine. Mwisho nyuma hakubaki mtu, ila sisi wa redio.

Bibi Ruxanda aliwatazama mmoja mmoja. "Kumbe mko wengi hivi," akasema. "Haya, njooni basi. Msinikanyage tu."

Wasikilizaji wapendwa, pole kwa Bibi Ruxanda. Poleni na ninyi nyote mliosogea, maana mmefiwa pia. Nanyi mlioko nyumbani, mkikaa kula, zitazameni nyuso zilizozunguka meza. Huenda kuna mtu hakurudi kwake ili mmoja wenu azaliwe. Waulizeni wazee wenu jina lake, maadamu wangalipo wa kuulizwa.