Mtoto wa Saba Kwenye Foleni: Maisha ya Marehemu Kithinji wa Mithika

Marehemu Kithinji alizaliwa Kianjai tarehe 14 Machi 1947, mtoto wa nne kati ya sita wa Mzee Mithika, akasoma Muthara kuanzia 1956 hadi 1963, na mnamo Juni 1968 akaajiriwa kuonyesha filamu za serikali kwa gari la sinema, kazi aliyoifanya kwa miaka ishirini na sita katika masoko ya Meru na Embu, ambako walimwita Mzee wa Shuka kwa ajili ya kitambaa cheupe alichotundika, na kila filamu ilipoisha watu walimpigia kelele arudishe, wawaone ng'ombe wakitembea kinyumenyume, naye akarudisha.

Alifunga ndoa na Felicitas Kajuju tarehe 9 Desemba 1972, wakajaliwa Veronicah, Muthomi na Linda, lakini Veronicah alifariki kwa malaria tarehe 3 Mei 1979, akiwa na miaka mitano, bila kupigwa picha hata moja, isipokuwa Novemba 1978, wapiga filamu walipofika Kangeta kurekodi watoto wakichanjwa, naye akawa wa saba kwenye foleni, katika sweta ya kuazima.

Huduma ya gari la sinema ilipofungwa mwaka 1994, marehemu aliomba mikebe 41 ya filamu iliyokuwa itupwe, akaipanga darini juu ya jiko, pale ambapo mama yake alihifadhi mbegu za mahindi zisiliwe na wadudu, akiamini kwamba moshi uliotunza mbegu ungetunza na filamu, na kwa miaka ishirini na saba Felicitas akapika chini yake.

Agosti 2021 alifungua mkebe wa kwanza akakutana na harufu kali ya siki. Mtaalamu aliyeitwa alieleza kwamba filamu hutaka baridi, na joto huiozesha, Felicitas akamuuliza kama ni moto wake, mtaalamu akafunika mkebe, na tangu siku hiyo mama huyu amepikia nje, ingawa hakuna aliyemwambia.

Mikebe 33 ilikuwa imegandamana, na ule wa kumi na saba, wenye foleni ya Kangeta, ulikuwa na mita 120, sawa na dakika kumi na moja, zikaokolewa mita mbili, sawa na sekunde kumi na moja.

Marehemu aliugua figo tangu 2022, akalazwa Januari 2025, na tarehe 2 Februari Linda alimwonyesha sekunde hizo kwenye simu, naye akawahesabu watoto kwa kidole juu ya blanketi, akafika wa tano, picha ikakatika, akasema, "Rudisha," Linda akarudisha, mara tisa, na kila mara wakawa watano.

Alifariki tarehe 6 Februari, akiwa na miaka sabini na saba, miezi kumi na siku ishirini na tatu.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliotuletea kuni na maji, wenzake wa gari la sinema, ambao sasa wamebaki wawili, na vijana walioshughulikia mita zile mbili kwa miezi mitatu.

Pumzika kwa amani, Kithinji, wawili waliobaki kwenye foleni hatukuweza kukurudishia.