Kiti cha Muli Jikoni Kwangu

Bwana asifiwe! Hapana, hiyo ni sauti ya watu ambao hawajakunywa chai. Nimepanda mlima na magoti haya, siwezi kuitikiwa hivyo. Bwana asifiwe sana! Haya, sasa mmeamka.

Ndugu zangu, kwa wale wageni, mimi ni Mama Kyalo wa hapa Kalama. Boma letu ni lile la mwisho kabla ya kushuka mtoni. Nimeokoka. Hasira zangu pia zimeokoka, ingawa zilikawia mlangoni, na hiyo ndiyo habari niliyosimama kuwaambia. Pasta amenipa dakika chache kwa sababu ananijua. Nitajaribu.

Mto wetu mnaujua. Miezi mingi ni mchanga mtupu, huoni maji. Lakini maji yako chini, na mchanga ndio unaoyashika. Unachimba kisima kidogo, unangoja, maji yanajikusanya polepole, unachota. Ukiondoa mchanga unabaki na mwamba, na ng'ombe hawezi kulamba mwamba. Sasa sisi wa upande huu tulitaka mchanga ukae. Wa ng'ambo walikuwa wanaupakia kwa malori uende kujenga magorofa kule Mlolongo. Sisi tunalia kwamba wanatumalizia maji, wao wanalia kwamba watoto wao pia wanataka kula. Na kila upande ulikuwa na watu wa kanisa, hiyo ndiyo aibu yetu.

Siku moja maneno yaliisha, wakapigana. Mtu mmoja wa ng'ambo, anaitwa Muli, akamkata mume wangu mkono wa kulia kwa panga. Baba Kyalo hakuwa amebeba hata fimbo! Alikuwa ameenda kuwatenganisha. Hospitali walishona, mkono ukabaki mahali pake, lakini vidole havikunjiki. Mwanamume aliyechimba mitaro ya shamba letu lote, sasa mimi ndiye nilikuwa namfunga vifungo vya shati. Kesi ilizungushwa mpaka mashahidi wakachoka, Muli akarudi kwake. Na kwake ni hapo tu, ng'ambo ya mto. Nikishuka kuchota maji namwona. Ananiangalia, namwangalia, kila mtu anainama kwa kisima chake.

Jamani, niliishi vibaya. Mbwa akibweka, mimi niko mlangoni. Mtu akikohoa barabarani, nauliza ni nani. Na ukifungua redio ndio unamalizika kabisa: mabomu huku, wakimbizi kule, mama amebeba mtoto anakimbia na hajui anakimbilia wapi. Nikawa najiambia, kama wakubwa wenye ndege na wakalimani wameshindwa kupatana, sisi wa majembe tutapatana aje? Nilikuwa nazima redio na kuomba. Na mnajua maombi yangu. Kila asubuhi nikikoroga uji naombea amani kwa sauti, mpaka kuku wanahamia kwa jirani.

Lakini kilichokuwa kinanila ndani si mto, ndugu zangu. Ni Kyalo. Huyo ni kifungua mimba wangu, anachonga mawe kule kwa machimbo ya Mlolongo. Zamani akija nyumbani anauliza, mama kuna nini ya kula. Baada ya baba yake kukatwa, swali likabadilika. Akawa anauliza Muli siku hizi anapitia wapi. Analiuliza hivyo polepole, akiangalia pembeni, kama mtu anayeuliza bei ya mbuzi. Mkono mmoja ulikuwa umeshaharibika kwangu. Sasa naona mtoto mzima anaondoka, aende kaburini ama aende jela, na mimi namwangalia tu.

Basi asubuhi moja niko jikoni, nimepandisha maombi, nimefika pale pa juu kabisa. “Bwana, lete amani! Lete amani katika mto huu!” Baba Kyalo alikuwa amekaa mlangoni anangoja uji. Mume wangu si mtu wa maneno, yote aliniachia mimi. Akaniambia, “Mama Kyalo, hebu ngoja kidogo. Hiyo amani unaitisha, Muli atakuwa wapi ndani yake?”

Sikufikiria hata kidogo. Nikamjibu, “Atakuwa amekufa.”

Akacheka! Haki ya Mungu, huyo mzee alicheka mpaka akashika mlango. Akasema, “Basi hiyo unaomba si amani. Hiyo ni matanga.”

Nikamuuliza yeye akiomba anaona nini. Akanionyesha kile kiti chetu cha mbao, kile cha mguu mmoja uliofungwa na waya, kikiwa hapo karibu na moto. Akasema, “Mimi namwona amekaa hapo. Anamalizia uji.” Na akasema hivyo akiwa na ule mkono kwenye mapaja yake.

Ndugu zangu, nilikasirika! Nilimpa uji bila sukari siku hiyo, na siku iliyofuata pia. Ati Muli, kwa kiti changu, na uji wangu! Lakini lile swali lilikuwa limeniingia. Nikipiga magoti, linanijia. Nikiangalia ndani ya ile amani yangu niliyokuwa naombea kwa kelele, naona mto umejaa maji, naona Kyalo ameoa, naona mboga. Watu wa ng'ambo hakuna hata mmoja. Nilikuwa nimewaondoa wote, na sikuwa nimejiuliza wameondoka kwa njia gani.

Nikamwambia Mungu, sawa, nitajaribu, lakini usinikimbize. Nikafumba macho nimweke Muli kwa kile kiti. Akakataa kukaa! Nilikuwa naona panga tu. Panga na mkono uliolishika, basi. Nikaendelea asubuhi baada ya asubuhi. Ikafika siku nikaona kofia yake, ile ya rangi ya majivu. Siku nyingine nikaona viatu, nikaona vimeisha soli, na hiyo sikutaka kuiona. Mwishowe akakaa. Sasa ikawa ni vita juu ya chakula. Mungu ananiambia nimpatie kitu, mimi nasema chapati hapana, Bwana, chapati ni za watu wangu. Tukakubaliana muthokoi. Yale mahindi yetu yaliyokobolewa, na maharagwe. Nikawa nampakulia kidogo. Baadaye nikawa napakua sahani ya kawaida. Na kila nikimpa, kwa hayo maombi, namuuliza vile ninavyouliza mtu yeyote akiingia kwangu: umekula?

Msicheke. Ndivyo nilivyoomba, mpaka nikazoea. Na sikumwambia mtu, kwa sababu ningeambiwa nimechanganyikiwa.

Kisha kiangazi kikaja kibaya. Visima vya mchangani vikawa virefu, mtu anaingia mpaka mabega. Jumamosi moja Kyalo akiwa nyumbani, mtoto wa jirani akaja anakimbia, akasema lori limeshuka mtoni na wa ng'ambo wanachimba mchanga pale pale kwa visima vyetu. Mimi nilikuwa nimeweka muthokoi motoni. Nikasikia tupa ikilia kwa chuma nyuma ya nyumba. Nilijua ni nini bila kuangalia. Nikatoka, nikamkuta Kyalo amemaliza kunoa panga, na vijana wenzake wanamngoja njiani.

Nikamshika shati. Akanitoa mkono, si kwa ubaya, vile unamtoa mtoto. “Mathe, hii mambo inaisha leo.” Akaenda. Nikamfuata na mwiko mkononi, sikukumbuka hata kuuacha.

Kufika mtoni, jamani, mambo yalikuwa tayari. Vijana wetu wamejipanga huku, wale kule, hakuna anayepiga kelele. Kelele zikiisha hivyo ndio mbaya. Na mbele ya wale wa ng'ambo kasimama Muli, ameshika beleshi, kofia ni ile ile. Mimi nilikuwa na miezi ya kumwangalia nikiwa nimefumba macho, lakini kwa karibu sikuwa nimemwona tangu siku ya panga. Alikuwa amekonda. Kyalo alikuwa anamwendea, hana haraka.

Nilitaka kuita jina la Yesu. Nilitaka kuita mwanangu. Nikafungua mdomo, na kilichotoka ni kile mdomo ulichozoea kumwambia mtu huyo kila asubuhi.

“Muli! Umekula?”

Vijana wote wakanigeukia. Hata Kyalo alisimama, akageuka kuniangalia kama mtu asiyenijua. Na Muli, ndugu zangu, Muli akanijibu. Nafikiri naye hakupanga. Akasema, “La, Mama Kyalo. Tangu jana ni chai tu.”

“Na unabeba mchanga na tumbo tupu? Weka hiyo beleshi chini twende, chakula kinaungua!”

Kyalo akasema, “Mathe, umerogwa?” Nikamwambia, nimerogwa na Yesu, peleka hilo panga nyumbani.

Hakushusha panga. Niwaambie ukweli, hakushusha. Lakini Muli aliweka beleshi mchangani. Akatembea kuja kwangu, na njia ya kuja kwangu ilikuwa inapita pale Kyalo amesimama. Akampita. Akampa mgongo. Nilimwona mwanangu akiangalia ule mgongo, shati limechanika kwa bega, uko hapo mbele yake hauna hata wa kuulinda. Ee Bwana! Maisha yote ya mtoto wangu yalikuwa katika mkono wake wakati huo. Kisha bega lake likalegea. Akaanza kutembea nyuma yetu, panga linaning'inia tu, kama la mtu anayetoka kukata majani ya ng'ombe.

Tulipanda mlima hivyo, mimi na mwiko, Muli, halafu Kyalo, na vijana wa pande zote mbili wanatufuata kwa mbali kwa sababu hakuna aliyeelewa. Baba Kyalo alikuwa mlangoni. Alipomwona Muli akainuka, akaingia jikoni, akavuta kile kiti kwa mkono wa kushoto, akakiweka karibu na moto. Akamwambia, “Umechelewa.”

Muli alikaa. Kiti kikalia, kikatulia. Nikapakua. Muthokoi ilikuwa imeungua kweli, chini yote nyeusi. Kwa maombi yangu huwa ninampakulia nikiwa nimetulia, nina tabasamu kama malaika. Siku hiyo nilimmwagia maharagwe kwa goti lake. Alishika sahani lakini hakula. Alikuwa anaangalia ule mkono. Akaanza, “Mzee, ule mkono...”

Mume wangu akamwambia, “Kula kwanza. Mkono hauendi mahali.”

Akala. Analia na anakula, yote pamoja, na hakuacha hata ile iliyoungua. Alipomaliza akaweka sahani chini, akaomba msamaha mbele yetu sote, na Kyalo amesimama mlangoni anasikia. Baba yake akasema amesamehe zamani, alikuwa anangoja tu mtu wa kumpatia huo msamaha. Kyalo akageuka. Alitoka nje. Baadaye nikaenda nyuma ya nyumba nikamkuta amekaa kwa jiwe, panga liko mbali na yeye, analia kama siku niliyomwachisha kunyonya. Nikakaa karibu naye. Mwanangu alikuwa hai, na mikono yake ilikuwa misafi! Mpeni Bwana makofi!

Sasa sitawadanganya kwamba siku hiyo malori yaliota mabawa yakaenda. Mwenye lori alituma matusi. Kuna wa ng'ambo ambao bado wananuna, na wa huku pia, wako kwa hivi viti, wananijua na nawajua. Lakini chifu aliita mkutano, tukakaa pamoja, na sehemu ya visima ikaachwa, haichimbwi na mtu. Halafu tukafanya mwethya, ile kazi yetu ya kusaidiana, pande zote mbili, tukajenga ukuta wa mawe kukata mto ili mchanga ubaki na maji yake. Mawe yalichongwa na nani? Na Kyalo wangu. Alikuja na nyundo yake kutoka Mlolongo. Na aliyekuwa anamshikia patasi ni Muli. Wanawake wa ng'ambo ndio walipika siku hiyo, na wao hawakuunguza, walihakikisha nimeliona hilo.

Ndugu zangu, redio bado inasema vita. Nasikia wakubwa wamekaa tena mezani kutafuta amani, na mimi nawaombea kwa jina la Yesu, lakini nawaombea vile nilivyofundishwa na mume wangu. Namwomba Mungu amfungue kila mmoja macho amwone adui yake akila. Sijui siasa. Najua tu kwamba mimi nilishindwa kuishi katika amani mpaka Mungu alipoanza kunionyesha ina watu gani.

Kwa hivyo wewe uliyeketi hapo na adui yako moyoni, unamjua, usiogope. Mungu huyu anaweza! Kesho asubuhi ukiomba amani, mtafutie kiti. Akikataa kukaa, rudia kesho kutwa. Anza na kofia kama mimi. Mwambie Mungu ukweli kuhusu chapati, hatakufukuza.

Namshukuru Bwana, namshukuru mume wangu ambaye bado nadaiwa naye sukari ya ule uji, na nawashukuru nyinyi kwa kuniombea. Pasta, namaliza. Muli, simama wakuone, yule pale karibu na dirisha, ameketi na Kyalo. Haya, keti. Na ibada ikiisha usikubali kuvutwa na watu wa kwaya. Leo unakula kwangu, na nimeacha mtu wa kuangalia sufuria.