Bi Khole na Mtu Aliyening'inia Kwenye Puto

Alhamisi, tarehe 30 Aprili 2026, Bi Khole Sudi anastaafu baada ya miaka ishirini na mbili katika kituo chetu cha utamaduni hapa Ibra, Oman. Aliajiriwa kutunza maktaba. Wengi wanamjua kwa kazi nyingine.

Mwaka 2009 kituo kilipewa filamu bubu fupi za Kijerumani, zenye umri wa miaka mia hivi: wezi juu ya mabehewa ya treni, wapelelezi mapangoni, farasi wanaoruka mito. Maandishi yake hakuna aliyeyaelewa. Bi Khole akajitafutia tafsiri, kila Alhamisi akaketi kando ya pazia la sinema na maikrofoni, akasimulia kwa Kiswahili cha mama yake wa Unguja, Kiarabu kikiingia kilipohitajika. Kina mama walikuja hata kutoka Al Kamil. Kahawa aliigawa kabla ya hatari, maana hatari ikianza vikombe humwagika. Wakipiga kelele, "Nyuma yako, we mwanamume!" alisimamisha filamu mpaka wamalize kumwonya.

Filamu waliyoipenda kuliko zote haikuwa na mwisho. Mtu ananing'inia chini ya puto, kamba inafumuka, basi, filamu imekatika. Bi Ghanima wa safu ya mbele aliuliza kila mara, "Kafa au hajafa?" Jibu lilikuwa lilelile: "Wallahi sikuona, bibi. Siwezi kusema."

Waliochoka kukatiziwa patamu wakaanza kubaki nyumbani. Mwaka jana mkuu wetu, Bwana Thuwaini, alimtaka atunge mwisho, la sivyo maonyesho ya Alhamisi yafungwe. Bi Khole alikataa. Aliendelea kuwasumbua wahifadhi wa filamu kule Ujerumani, na mwezi Machi nakala kamili ikafika.

Ukumbi ulijaa, Bwana Thuwaini mwenyewe alikosa kiti. Kamba ikakatika. Yule mtu akaangukia rundo la majani makavu, akajipangusa suruali, akaenda zake.

"Ndiyo hivyo tu?" akasema Bi Ghanima. "Mwanangu, turudishie ile yetu."

Nakala zote mbili zimebaki, na maonyesho ya Alhamisi hayafungwi. Maikrofoni anaipokea mwenzetu Bi Wiam, kwa sharti moja aliloachiwa: asiseme asichokiona.

Bi Khole, ahsante. Ukapumzike Sur na wajukuu, kwa afya na raha. Siku ukija Ibra, kiti kando ya Bi Ghanima ni chako, na kahawa tutaigawa mapema.