Adui Aliyevua Kofia

Wasikilizaji wapendwa, mnanijua ninavyopenda kuongea. Leo nawaletea mtu aliyekula jasho lake kwa kunyamaza. Mzee Ottomar Kreidel, Mjerumani, mwigizaji wa filamu zisizo na sauti, amefariki hapa Arlington wiki iliyopita. Alikuwa na miaka tisini na sita; alizaliwa mwaka 1900.

Mzee Kreidel hakuwa stelingi, yule shujaa wa filamu. Narudia, hakuwa stelingi hata siku moja. Huko Berlin, miaka ya ishirini, yeye alikuwa adui: mwizi, bahili, askari wa gereza. Ukiiona ile pua na zile nyusi, unajua mambo yameharibika. Watu walimzomea mpaka sokoni, naye alirudi nyumbani akicheka.

Kisha filamu zikaanza kusema. Na mzee, wapendwa, alikuwa na kigugumizi. Wakamjaribu mbele ya kipaza sauti, neno likakwama. Hawakumwita tena. Akahamia huku Texas, akashona viatu Fort Worth mpaka uzeeni. Habari za filamu hakuzigusa. Binti yake, mama Bertila, alikua bila kumwona baba yake akiigiza.

Aliyemchokoza ni Ndeshi, dada yetu wa Moshi aliyekuwa akimtunza. "Babu, hizo filamu zako unataka kwenda nazo kaburini?" Mama Bertila akatafuta, akapata kaseti moja ya video. Moja tu. Tukaitazama kwa Ndeshi, Jumapili baada ya kanisa, sebule imejaa, mimi nimekalia kreti la soda.

Sasa filamu haina sauti, na sisi tunataka maneno. Majaliwa, aliyekuwa akitafsiri filamu kwenye banda la video Kigoma, akasimama kando ya televisheni. Mama mmoja anampelekea mwanawe mkate gerezani, askari, ndiye mzee Kreidel mwenyewe, anamfukuza. "Rudi kwako, mama! Hapa si hotelini!" Majaliwa akamsemea. Tulicheka mpaka mbavu zikauma. Mzee Kiswahili alikuwa hakijui, lakini alifurahi kutuona.

Yule mama akarudi tena na mkate. Mwanawe ameshakufa. Majaliwa akavuta pumzi aseme, mzee akainua mkono. Neno likakwama. Mama Bertila, ambaye siku zote humsaidia kulimalizia, alifungua mdomo, akaufunga. Tukasubiri.

"Mwa... mwacheni aseme," akatamka mwishowe kwa Kiingereza chake, akimwonyesha yule askari kwenye kioo.

Adui akavua kofia. Akaupokea mkate kwa mikono miwili, na yule mama akajua. Ndeshi alilia. Hata mimi nililia, siwafichi.

Juzi, kwenye maziko, mama Bertila aliniambia: "Maisha yangu yote nilimmalizia baba maneno. Nilidhani ndiyo upendo. Kumbe nilikuwa namkatisha." Tangu siku ile ya filamu alimsubiri. Chai yao ya asubuhi ikawa ndefu, na baba akawa na mengi ya kusimulia.

Mama Bertila, pole sana. Ndeshi, pole, ulimtunza kama babu yako mzaa mama. Na wewe uliye Arlington, uliye Lewisville, kama nyumbani yupo anayetafuta neno, leo usimmalizie. Msubiri.

Bosi wangu hapa redioni hapendi ukimya hewani hata kidogo. Leo atanisamehe. Mzee Kreidel, zamu yako.