Nyumba Moja kwa Bei ya Tatu

Benchi ni langu, ingawa ukifika hapa asubuhi utadhani mimi ndiye mgeni. Nililigongomea mwenyewe kwa mbao za makreti ili wateja wangu wakae, mguu mmoja peku, wakisubiri nimalize kushona kiatu. Wateja wa viatu ni wachache siku hizi. Wanaokaa ni wale wasio na kiatu cha kushonwa. Yupo Rufaa, aliyekuwa tarishi wa mahakama miaka thelathini, ambaye hajawahi kukubali kushindwa hoja: ukimshinda leo, kesho anakuja na rufaa. Yupo Dalali, mwenye picha nyingi za nyumba za watu kwenye simu yake kuliko picha za wanawe. Yupo Mama Kahawa na chupa zake mbili, anatuuzia na kutuchunga kwa wakati mmoja. Na yupo Futi, fundi cherehani wa mlango wa pili, ambaye utepe wa kupimia haujawahi kumtoka shingoni. Siku ninayoisimulia alikuja mapema kuliko wote, kavaa shati la harusini, kashika bahasha ya kaki kwa mikono miwili.

Ndani ya bahasha kulikuwa na mkataba wa mkopo wa nyumba, na saa nne alikuwa na miadi benki. Hatukushangaa, maana habari ya nyumba ile tuliisikia mwaka mzima. Vyumba vitatu, sebule, jiko ndani, choo ndani, milioni arobaini. Futi alikuwa na milioni nne, alizoziokota sindano kwa sindano kwa miaka tisa. Thelathini na sita zilizobaki zilikuwa za benki, na benki walimkataa: ana miaka hamsini na mmoja, na cherehani haitoi slipu ya mshahara. Ndipo akapeleka slipu ya binti yake mkubwa, anayepima damu kwenye maabara ya hospitali, mwaka wa pili kazini. Benki wakatabasamu. Mkopo ungekuwa kwa jina la binti, makato kwenye mshahara wa binti, na Futi angemrudishia kiasi kila mwezi. Binti angetoka zamu, apite hapa kwenye benchi, waende pamoja kutia sahihi. Hayo yote tuliyajua, na hakuna aliyeona la kuuliza.

— Laki nne na elfu sabini na nne kwa mwezi, — Futi alisema, akipokea kikombe. — Miaka ishirini. Halafu basi, imekwisha, ni yetu.

— Na sasa hivi unalipa kodi kiasi gani? — Rufaa akauliza.

— Laki mbili. Lakini kodi haina mwisho, bwana. Nimehamishwa mara tano na cherehani kichwani. Mara ya mwisho mama yangu alikaa juu ya godoro barabarani tangu asubuhi mpaka jioni, anasalimia wapita njia kama yuko sebuleni kwake. Sitaki kuiona tena ile.

Futi si mtu wa tamaa, na naomba hilo lieleweke kabla sijaendelea. Anataka mahali ambapo hakuna mtu wa kumgongea mlango kumwambia mwisho wa mwezi uhame.

Mama Kahawa akaweka chupa chini.

— Hiyo laki nne na kitu, umeizidisha?

— Kuizidisha vipi?

— Kwa miezi yote. Mimi hata sukari nikinunua nazidisha.

Futi akasema afisa wa benki alimweleza kila kitu, kijana mstaarabu, alimpa na maji ya kunywa. Lakini alikuwa kashaanza kuniangalia mimi, na mimi nilikuwa na chaki. Nikageuza buti la mlinzi nililokuwa nalishughulikia, nikapiga hesabu kwenye soli. Mara kumi na mbili. Mara ishirini. Nilirudia, maana sifuri zina tabia ya kunikimbia.

— Milioni mia moja na kumi na tatu, laki saba na elfu sitini, — nikasema.

— Ya nyumba ya ngapi? — Mama Kahawa akauliza, na anajua fika.

— Mkopo milioni thelathini na sita.

— Kwa hiyo unanunua tatu, unapewa moja.

Futi akalichukua lile buti, akaiangalia soli kwa muda mrefu. Mtu aliyepima viuno vya watu miaka thelathini anajua namba ikiwa kubwa kuliko kitambaa.

Rufaa akasafisha koo. Akasema tusimtishe mwenzetu, wahenga walishanena kuwa haraka haraka haina baraka, na ndiyo maana benki wamempa miaka ishirini badala ya mitano: wanamtakia baraka. Dalali akaunga mkono kwa sababu zake. Nyumba inapanda bei, alisema, kila mwaka inapanda, kwa hiyo Futi halipi mia moja na kumi na tatu, bali anaziweka ukutani zizaliane. Siku akiuza atacheka.

— Akiiuza si anarudi kupanga? — Mama Kahawa akasema.

Dalali akajibu kuwa anauza halafu ananunua nyingine. Mama Kahawa akataka kujua hiyo nyingine nayo kama haikupanda. Dalali akaomba kikombe cha pili.

Karatasi zikaanza kupita mikononi. Nakiri kwamba hakuna hata mmoja wetu aliyewahi kusoma mkataba wa benki mpaka nyuma. Kule nyuma kulikuwa na jedwali refu, mistari mia mbili na arobaini, mstari mmoja kwa kila mwezi. Rufaa, ambaye alibeba mafaili ya kesi maisha yake yote, ndiye aliyejua kulisoma. Akaweka kidole kwenye mstari wa kwanza, akasoma polepole. Malipo, laki nne na sabini na nne. Riba, laki nne na hamsini. Kinachopunguza deni, elfu ishirini na nne.

— Soma tena, — Futi akasema.

Akasoma tena. Ikawa vilevile.

— Hiyo ni ya mwezi wa kwanza tu, labda wanaanza vibaya, — nikasema, kwa kutaka kumpoza. Nikamwambia Rufaa aruke mpaka mwaka wa tano. Akahesabu mistari sitini. Mpaka hapo Futi angekuwa kalipa zaidi ya milioni ishirini na nane, na deni lilikuwa bado milioni thelathini na tatu na laki nane na ushee. Miaka mitano, na deni limepungua milioni mbili.

Mama Kahawa akatufafanulia, kwa sauti ya mtu aliyewahi kuungua. Riba inahesabiwa juu ya deni lililobaki; mwanzoni deni ni kubwa, kwa hiyo karibu yote unayotoa inaliwa na riba. Nyumba yenyewe unaanza kuilipia uzeeni. Wifi yake alikopa hivyohivyo, akaja kugundua kuwa akiongeza kidogo kila mwezi, na akiandika kabisa kuwa nyongeza iingie kwenye deni lenyewe, mambo yanabadilika. Kwa mkopo kama huu, elfu hamsini tu juu ya kila malipo, miaka ishirini inashuka kuwa kumi na tatu.

— Haba na haba hujaza kibaba, — Rufaa akasema.

— Ndiyo, lakini angalia kwanza ni kibaba cha nani. Na uliza kama mkataba unaruhusu kulipa mapema bila faini.

Tukatafuta kifungu hicho, hatukukiona. Lakini lile neno kumi na tatu lilikuwa limemfufua Futi. Elfu hamsini, akasema, si kitu. Binti ataongeza zamu. Kule maabara zamu za ziada zinalipwa vizuri.

Basi hapo benchi likapata moto. Dalali akasema zamu mbili za ziada kwa wiki, si elfu hamsini tu, ni laki, na mkopo utakufa mapema zaidi. Rufaa akakata rufaa: zamu peke yake hazitoshi, bora binti akope kwenye chama cha kuweka na kukopa pale hospitalini, deni dogo limle deni kubwa, kwani dawa ya moto ni moto. Mimi nikasema, na sitaki kuficha, kuwa asifanye haraka ya kuolewa, maana wanaume wa siku hizi wanaoa na mshahara. Rufaa akanipongeza. Mpanda ngazi hushuka, alisema, na sijui mpaka leo ngazi iliingiaje hapo. Dalali ndiye aliyefunga mjadala: binti aolewe, tena haraka, ila aolewe na mfanyakazi wa benki, kwa kuwa wao hukopeshwa kwa riba ya kindugu, halafu mume auhamishe mkopo ukae kwake. Tulicheka mpaka mlinzi mwenye buti akaja kuuliza kama kiatu chake kiko tayari.

Mama Kahawa hakucheka. Alikuwa anasuuza vikombe.

Binti akafika saa tatu na nusu, mkoba begani, macho ya mtu aliyekesha. Akatuamkia wote kwa pamoja, shikamooni wazee, tukaitikia. Nimemjua tangu namshonea viatu vya shule, vile vya kuongezewa soli ili vifike mwisho wa mwaka. Futi akasimama, akampangusia nafasi kwenye benchi kwa kiganja, lakini binti akasema amekaa sana, ataegemea ukuta.

— Kitambulisho umekuja nacho?

— Ninacho, baba. Na slipu.

— Vizuri, mama. Ngoja nikuonyeshe, maana ramani yenyewe hujaiona.

Akaitoa karatasi ya ramani chini kabisa ya bahasha. Uso wake ulirudi ule wa asubuhi, na mia moja na kumi na tatu zikamtoka kichwani. Akaikunjua juu ya goti, akaanza kuonyesha kwa kidole. Hiki kikubwa cha mama yako na mimi. Hiki cha mbele, chenye dirisha, cha bibi yako, aone watu wakipita. Hiki cha huku nyuma cha wadogo zako, wale wavulana wawili, wakikua watakigawa kwa pazia. Hapa kona hii ya sebule inakaa cherehani.

Binti alikuwa ameinama, anafuata kile kidole chumba kwa chumba. Kilipofika mwisho, akasubiri kidogo, nadhani alifikiri kuna ukurasa wa pili.

— Na mimi nalala wapi, baba?

Hakuuliza kwa ukali. Aliuliza kama mtu aliyechoka, anayetaka kulala.

Futi akaangalia ramani. Akaigeuza, kana kwamba upande wa nyuma ungekuwa na chumba. Dalali akaanza kusema sebule ni kubwa, akaishia katikati. Nikamwangalia Rufaa, maana kama kuna siku tulihitaji methali yake, hata iliyopotoka, ilikuwa hiyo. Akainama kuzipanga karatasi za jedwali.

— Wewe si utaolewa, mama, — Futi akasema.

— Labda. Nikiolewa, nitakuwa nakatwa hii, halafu na kodi ya kule nalipa?

— Nitakuwa nakurudishia.

— Kiasi gani, baba?

Hakuna karatasi hata moja katika ile bahasha iliyoandikwa kiasi gani. Binti akasema ana miaka ishirini na mitano. Kila mmoja akafanya ile hesabu mwenyewe, na safari hii haikuhitaji chaki.

Niliona aibu, na naisema wazi. Nina mabinti wawili mimi. Asubuhi nzima nilikuwa nimeyachunguza meno ya benki moja baada ya jingine, nikajiona mjanja, na kila tulipopata dawa ya ile riba, dawa yenyewe ilikuwa ni huyu mtoto. Aongeze zamu, akope tena, asiolewe, aolewe na fulani. Benki walau waliandika jina lake. Sisi hata hilo hatukulitaja.

— Nimekosea, — Futi akasema, kwa sauti ambayo sijawahi kumsikia nayo. — Nimeipima nyumba nzima, mwanangu, wewe nikakusahau.

— Nataka bibi aondoke pale tulipopanga, baba. Hilo nalitaka kama wewe.

— Najua. Lakini hii nyumba, wewe unaionaje? Tufanye nini?

Binti akamwangalia baba yake, kisha akazitazama karatasi zilizotapakaa mikononi mwetu.

— Sijui, — akasema. — Ndiyo kwanza naulizwa.

Saa nne ilikuwa inakaribia na hakuna aliyeitaja. Mama Kahawa akammiminia kikombe, akakataa pesa. Binti akaweka mkoba chini, akanyoosha mkono aletewe mkataba, ukurasa wa kwanza mpaka wa mwisho, na sisi wanaume wanne tukasogea, Dalali akabaki amekaa nusu hewani, mpaka binti akapata mahali pa kukaa.