Kigoda Kisicholia: Mtemi Asnath Ndahani Malogo, 1946–2025

"Kigoda hiki kimelia chini ya wanaume saba. Chini yangu siku hizi hakikohoi hata kidogo."

Maneno hayo marehemu aliyasema kwenye kipaza sauti tarehe 8 Agosti 2009, viwanja vya Nanenane, Nzuguni, mbele ya wageni rasmi na wananchi waliokuja kutazama ng'ombe wa maziwa wakajikuta wanamtazama mtemi. Umati ulipiga makofi. Mtu mmoja hakupiga. Ni mdogo wake, Bi Dorothea, ambaye siku ile alikaa safu ya pili, mikono yote miwili kaiviringisha ndani ya kitenge. Leo amekaa safu ya kwanza.

Bi Dorothea ndiye pekee aliyebaki katika waliomjua marehemu tangu utoto, kwa hiyo karibu kila tarehe iliyomo humu imetoka kinywani mwake. Familia ilipomwomba ataje mema ya dada yake, alijibu hivi: "Mema yapo. Ila mkiandika kwamba tulipendana tu, basi, nitasimama hapohapo makaburini nikanushe." Waombolezaji wanaombwa radhi kwa kila mahali atakapoingilia.

Marehemu alizaliwa tarehe 12 Mei 1946 kijijini Chihembe, njia ya kwenda Kondoa, akiwa mtoto wa kwanza wa Mtemi Ndahani Malogo na Mama Raheli. Bi Dorothea alimfuata miaka miwili baadaye. Mungu hakuwapa kaka. Wageni waliokuja kwa mtemi walimbeba Asnath wakauliza jina lake. Dorothea walimbeba wakauliza kama mama yake bado anajaribu kupata wa kiume. Hilo Bi Dorothea hakulisikia kwa masikio yake, alisimuliwa, lakini ameomba liandikwe.

Mwaka 1954 marehemu alianza shule ya misheni, akamaliza darasa la nane mwaka 1961 akiwa wa pili darasani. Wa kwanza wanafamilia wote wanamfahamu. Mdogo mtu alirushwa darasa mara mbili, akamkuta dada yake dawati moja, akampita kwa alama kumi na nne. Baba alikuwa na ng'ombe wa kumsomesha mmoja tu. Akampeleka mkubwa, kwa kuwa ndiye mkubwa. Dorothea akabaki nyumbani na cheti chake, akakifunga kwenye kitambaa, na hadi mwezi uliopita kilikuwa chini ya godoro lake.

Marehemu alisomea ukarani, akaajiriwa masijala ya ofisi moja ya serikali mjini Dodoma kuanzia mwaka 1966. Waliofanya naye kazi wanasema faili likipotea, hakuwa anasimama kulitafuta. Alimtazama tu aliyelipoteza mpaka likaonekana.

Tarehe 19 Septemba 1970 alifunga ndoa na Mwalimu Elisha Chibwana, mtu mpole kupita kiasi. Bi Dorothea anashikilia kwamba Mwalimu, alipofika Chihembe mara ya kwanza, alimsalimia yeye kwanza, kisimani. Marehemu hakukataa kamwe. "Alikusalimia ndiyo," alikuwa akisema, "halafu akakuuliza kwetu ni wapi, ukamwelekeza mwenyewe." Walijaliwa watoto watatu. Mwalimu alitutoka mwaka 2011, na katika uhai wake alipoitwa "mke wa mtemi" vilabuni alicheka kuliko waliomtania.

Sasa tuseme la utemi, maana wengi mmekuja kwa ajili hiyo.

Serikali ilifuta utemi mwaka 1963. Ulifutika kwenye makaratasi. Mashambani, kila Novemba kabla ya mvua, watu wa Chihembe waliendelea kuleta konzi ya mbegu, uwele au mtama, mtemi akakaa juu ya kigoda cha miguu mitatu, akazichanganya kwenye ungo mmoja, kila kaya ikarudi na konzi yake. Hakuna aliyepanda kabla ya hapo. Na kigoda hakiguswi na mtu ila mtemi na anayemtunzia ufunguo. Hata waliokuwa wanakwenda kanisani walileta mbegu, na Mchungaji Nathanaeli, aliyetuongozea ibada asubuhi hii, alileta yake kwenye bahasha.

Mtemi Ndahani alifariki tarehe 3 Oktoba 1984. Kwa miaka mitatu Dorothea ndiye aliyemlisha na kumwogesha. Marehemu alifika siku ya tatu ya msiba kwa basi la saa nne, na jioni wazee wakamtaja yeye. Baba mdogo Wilbert akataka iwekwe wazi: "Huyu binti atatushikia tu, mpaka apatikane mvulana wa ukoo."

"Baba mdogo," marehemu akajibu, "cha kushika ni chungu cha moto. Kigoda mimi nakikalia."

Akakikalia miaka arobaini. Hakumkalia mtu nafasi wala hakuwa mjane wa mtemi. Kijana mmoja wa sensa aliwahi kuingia uani akamuuliza, "Mama, shikamoo. Mtemi mwenyewe yuko?" Akaambiwa, "Marahaba. Yuko. Umeshamwamkia."

Siku alipovishwa kaniki, vazi la mtemi, kigoda kililia chini yake, *kwii*, kama kilivyolia chini ya baba na babu. Dorothea alikuwa jikoni anapika ugali wa wageni. Ndiyo maneno yake: "Mimi nilimwogesha baba. Yeye akaja na basi." Toka siku hiyo alimwonea dada yake wivu kwa bidii, kama mtu mwenye ajira. Aliuonea wivu mwendo wake, aliionea wivu hata kaniki. Mvua ikinyesha vizuri aliumia, kwa sababu watu walimshukuru Asnath. Isiponyesha aliumia zaidi, kwa sababu walimwonea Asnath huruma. Na ufunguo wa chumba cha kigoda alipewa nani atunze? Alipewa yeye.

Yaliyotokea Novemba 1998 yameandikwa hapa kwa ridhaa yake.

Alhamisi tarehe 5 marehemu alikwenda Kolo kwenye harusi ya binti wa rafiki yake. Ijumaa mchana Dorothea akafungua chumba, akajifungia ndani, akavua ndala, akakaa. Alitaka kujua kuna nini pale. Anasema kwa muda mfupi kulikuwa na kitu: mgongo ulinyooka wenyewe. Kisha mguu mmoja ukakatika, naye akajikuta chini, miguu juu, mtemi wa sekunde kumi.

Aliuunga mguu kwa ulimbo wa mgunga na uzi, akafunika kigoda kwa ngozi yake, akafunga mlango. Angeweza kusema. Alikuwa na siku mbili za kujiandaa kusema. Lakini kila alipoyapanga maneno aliona picha ya kilo tisini za Asnath zikishuka mbele ya kijiji kizima juu ya mguu ule, na picha ile ikawa tamu kuliko maneno.

Jumapili marehemu akarudi, akachukua ufunguo kama kila mwaka kabla ya siku ya mbegu. Jumanne akaenda soko la Majengo, mjini, na kiroba, kununua chumvi, akarudi na kiroba. Siku tatu moshi ukafuka nyuma ya nyumba. Akasema anabanika nyama.

Jumamosi tarehe 14 watu wakajaa uani na mbegu zao. Dorothea alisimama mahali pazuri pa kuonea. Marehemu akatoka na kaniki yake, akageuka, akashuka kwa uzito wote aliojaliwa na Muumba.

Kigoda kikamshika. Hakikulia.

Akajitikisa kidogo, kushoto, kulia, kama mtu anayejaribu kitanda dukani. Kimya. Halafu akamtazama mdogo wake kwa yale macho ya masijala, akasema kwa sauti ya kusikika na wote: "Dorothea, mbona wewe umeshalowa na mvua haijaja?"

Watu wakacheka. Dorothea akaenda nyuma ya ghala, asirudi mpaka watu wakaondoka. Kwa miaka ishirini na sita aliamini kwamba mti uliokatika chini yake ulikuwa umejiunga wenyewe chini ya dada yake. Hakugombea tena neno. Vikao vya ukoo alikaa kimya, mbegu yake alileta wa kwanza. Lakini wivu haukwisha, ulihama tu. Zamani alimwonea dada yake wivu kwa kuchaguliwa na wazee. Sasa alimwonea wivu kwa kuchaguliwa na kipande cha mti, na mti huwezi kuuomba ufikirie upya.

Marehemu alianza kusumbuliwa na kisukari mwaka 2019, na figo zikafuata. Kuanzia Septemba mwaka jana alikaa Area D kwa binti yake Miriam, mtumishi wa Bunge, ili awe karibu na hospitali. Familia inawashukuru madaktari na wauguzi. Februari mwaka huu akaagiza aitwe mdogo wake. Miriam alikuwepo, naye ndiye shahidi wa mazungumzo haya.

"Ulimbo wa mgunga unanuka, Doro," marehemu alisema. "Ulidhani mimi sina pua?"

Bi Dorothea akaanza kukunja upya shuka la mgonjwa.

"Kile ulichokivunja nilikipasua kuni. Moshi wake ndio uliotia weusi kile kingine. Nilikinunua Majengo, kwa fundi anayechonga vinu."

"Kwa hiyo miaka yote hii," Bi Dorothea akasema, "nimekuwa namwonea wivu seremala?"

Walicheka mpaka muuguzi wa jirani akaja kuangalia. Kisha mdogo mtu akauliza kwa nini hakumsema. "Wangekutoa kwenye ukoo. Ningebaki na nani wa kuniangalia kwa jicho baya? Wengine wote walikuwa wananiinamia." Akaongeza: "Na mimi nilikuonea wivu. Siku moja. Ile Ijumaa. Mimi sijawahi kukikalia bila mtu kutazama."

Ndipo akasema kigoda kiende kwa Dorothea, kwa sharti moja: kabla hajakikalia, habari yote isomwe siku ya maziko, mchana, mbele ya walioleta mbegu. Wakicheka, wacheke. Wakija na mbegu Novemba, ni mtemi. Wasipokuja, ni bibi mwenye kigoda.

Bi Dorothea aliomba siku tatu za kufikiri. Siku ya tatu alikuja na kile cheti cha darasa la nane, akasema, "Andikeni. Na alama muweke."

Mtemi Asnath alifariki Alhamisi tarehe 6 Machi 2025, saa mbili asubuhi, mkono wake mmoja ukiwa umeshikwa na Miriam na mwingine na mdogo wake, aliyekuwa anabishana naye kuhusu jina la basi la mwaka 1984.

Ameacha watoto watatu: Miriam, Cornel na Ursula; wajukuu kumi na mmoja, vitukuu wanne, na mdogo wake mmoja, Bi Dorothea Ndahani, aliyepata alama themanini na saba. Bwana ampe pumziko jema, na udongo wa Chihembe umlaze taratibu.

Kigoda kiko hapo mbele ya jeneza. Kilinunuliwa Majengo, Jumanne tarehe 10 Novemba 1998, kwa shilingi elfu mbili na mia tano.