Kengele Pale Penye Jina

Wasikilizaji wapendwa, leo tunamkumbuka binti wa mzee Sironka wa Msowero, mwimbaji wetu, aliyetutoka Jumanne akiwa na miaka thelathini na minne. Binti wa mzee Sironka. Mnamjua.

Albamu zake mbili za mwanzo zilikuwa za kuchezwa harusini, nasi tulizipiga hapa mpaka majirani wakatuchoka. Ya tatu ndiyo iliyomgeuza. Aliiita Zizi. Aliirekodi Mikumi, katika chumba kilichozibwa kwa magodoro, kwa kinanda, vibuyu vya maziwa na miluzi ya machungani. Malori yalinguruma barabarani, akakataa yafutwe.

Wimbo wa nne ulimlilia kaka yake, aliyechukuliwa na mto Mkondoa akivusha ng'ombe. Alimwita kwa jina mara saba. Na kwa watu wake, wapendwa, jina la marehemu halitajwi. Alilijua hilo. Alijidanganya tu kwamba kwenye wimbo halihesabiki.

Kabla ya kuitoa albamu, akaipeleka nyumbani Msowero. Akabonyeza simu, wimbo wa nne ukaanza. Jina likasikika mara moja tu. Mama yake, Tabea, akaangusha kibuyu. Mzee akasimama na fimbo yake.

"Zima."

"Baba, ni kwa mapenzi tu..."

"Umemwita. Akiitika, utamwambia nini? Hilo likitoka redioni, usinisalimie tena."

Akarudi Mikumi roho ikiwa juu. Fundi wake wa kurekodi, Lupakisyo, naye akaja juu: "Dada, ukiliondoa jina, wimbo umekufa!" Siku tatu hawakusemezana. Aliogopa kumpoteza baba. Aliogopa kuupoteza wimbo. Siku ya nne akalifuta jina, mara zote saba. Pale penye jina akaacha kimya, na kengele moja ya ng'ombe.

Kimya kile ndicho kilichotufanya tuache kazi tumsikilize. Tangu hapo hakurudia tena nyimbo za harusi. Zizi ilipotoka, alikwenda Msowero, akasimama mlangoni.

"Shikamoo, baba."

Mzee akaegemeza fimbo yake ukutani.

"Marahaba, mwanangu."

Pole sana, mzee Sironka. Pole, mama Tabea. Pole, Lupakisyo. Nanyi wasikilizaji, kila mmoja ajiulize: ni neno gani ningeweza kulimeza kwa heshima ya mtu wangu?

Jana mzee alinipigia simu. "Mwanangu naye," akasema, "msimtaje."

Hatujamtaja. Wimbo wa nne ndio huu. Pale penye jina la kaka yake, na sasa lake, sikilizeni kengele.